Mizani ya Gari Haiazimwi

Wako watu wanaocheka wakiambiwa kwamba kuendesha gari kwa kuzunguka mahali pamoja, kushoto, kushoto, na kushoto tena, ni mchezo wa akili. Na hucheka zaidi wakiambiwa kwamba gari lenyewe si gari bali ni picha ndani ya kompyuta, na kwamba mtu mzima mwenye watoto aweza kukesha akishauriana na nafsi yake kama apunguze pauni moja ya upepo katika tairi la mbele kulia au aiache ilivyo. Sisi hatumcheki mtu huyo. Leo, msomaji mpenzi, twataka kuutetea mchezo huo, na tukishautetea tutauteta. Kwani limezuka jambo moja ndani yake ambalo, kwa maoni yetu, linaondoa kiini cha mchezo na kuacha maganda.

Tuanze na asili yake, maana asiyeijua asili ya kitu hafai kukitolea hukumu. Sisi huku mbio za magari tuzijuazo tangu mwaka 1953 ni zile za Safari: vumbi, matope, mawe, na njia ambayo kila hatua yake ni mpya. Wamarekani, hasa wale wa majimbo ya kusini, wana mapenzi na mbio za namna nyingine kabisa. Chama chao kiitwacho NASCAR kiliundwa mwaka 1948 katika mji wa Daytona Beach, jimbo la Florida, na kiongozi wake alikuwa Bill France. Magari yaliyoshindanishwa siku hizo yalikuwa ya aina ile ile iliyouzwa madukani, na ndiyo sababu yakaitwa magari ya stoki, yaani yatokayo katika akiba ya muuzaji. Siku hizi hayana cha dukani ila sura na jina; ndani yake ni chuma kilichoundwa kwa mashindano tu. Na kiwanja chao aghalabu ni cha duara dufu, umbo lililorefuka kama yai, na magari hukizunguka kwa upande wa kushoto tangu mwanzo hadi mwisho.

Asiyejua husema, "Kushoto tu? Hata mtoto ataweza." Hasha! Dereva wa Safari akishaipita kona mbaya huiacha nyuma akaenda zake. Dereva wa duara dufu kona yake humrudia. Huko Martinsville, jimbo la Virginia, mbio ndefu huwa za mizunguko 500, na kila mzunguko huhesabiwa kuwa na kona 4. Hizo ni kona 2,000 kwa siku moja. Kosa dogo katika kila kona, hata likiwa la muda wa kupepesa kope, ukilizidisha mara 2,000 litakuwa ni kushindwa kwa aibu. Hapo ndipo dereva anapohitaji gari lililowekwa sawa kwa kiwanja kile, kwa joto la siku ile, na kwa mkono wake yeye mwenyewe.

Wala viwanja havifanani, ijapokuwa ukivitazama kwa mbali utasema vyote ni ndugu. Kile cha Daytona, kilichofunguliwa mwaka 1959, kina urefu wa kilomita 4 na kitu, na kona zake zimeinuliwa kwa nyuzi 31, mwinuko ambao mtu akitembea kwa miguu atapanda kama apandaye paa. Hapo gari huenda mbio pasi na kugusa breki, na hesabu kubwa ni ya upepo. Martinsville hakifiki hata kilomita 1, na kona zake zina mwinuko wa nyuzi 12 tu. Hapo breki huwaka moto, na gari lisilokubali kukata kona halina lake. Kisha kuna Darlington, katika South Carolina, kilichofunguliwa mwaka 1950. Yasimuliwa kwamba mwenye kiwanja alikuwa na kidimbwi cha samaki ambacho hakutaka kiguswe, basi wajenzi wakalazimika kuubana upande mmoja wa kiwanja ili kidimbwi kibaki. Hadi leo pande zake mbili hazilingani. Gari lililo sawa upande huu laweza kuwa la mashaka upande wa pili, na fundi hana budi kutafuta usuluhishi kati ya pande hizo. Wazee walisema, kila chombo kwa wimbile.

Elimu hii yote ndiyo iliyotiwa ndani ya mchezo wa kompyuta. Kampuni moja ya Massachusetts iitwayo Papyrus ilitoa mchezo wa mbio za Indianapolis mwaka 1989, kisha mwaka 1994 ikatoa mchezo wa magari ya NASCAR, na ikaendelea hadi ule wa mwaka 2003 ambao ulikuwa wa mwisho katika safu hiyo na ambao wako watu wanaoupenda mpaka sasa. Mmoja wa waanzilishi wake, David Kaemmer, baadaye alishirikiana na wengine kuunda mchezo wa iRacing, uliofunguliwa kwa watu wote mwaka 2008, ambao huchezwa kwa intaneti na watu wa nchi mbalimbali wakiwa katika kiwanja kimoja. Mchezaji huketi mbele ya kioo, mkononi ana usukani, miguuni ana vikanyagio. Lakini kabla ya kutia gea hufungua ukurasa wa gereji, na hapo ndipo mchezo wenyewe unapoanzia.

Kuna maneno mawili ambayo kila dereva wa duara dufu huyatumia, awe kwenye gari la chuma au la picha. Husema gari "limebana" au gari "limelegea". Gari lililobana ni lile ambalo ukiligeuza usukani pua yake haikubali kufuata. Lataka kwenda moja kwa moja ukutani. Gari lililolegea ni lile ambalo pua yakubali, lakini nyuma yake yakimbia na kutaka kutangulia mbele. Wenyewe huko hufanya mzaha kwamba aliyebanwa hugonga ukuta kwa mbele, na aliyelegea hugonga kwa nyuma. Kazi yote ya kuliweka gari sawa ni kutafuta mahali pa katikati ya maradhi haya mawili.

Tena maradhi hayo yana saa zake. Gari laweza kubana wakati wa kuingia kona, likawa sawa katikati, kisha likalegea wakati wa kutoka unapokanyaga mafuta. Mtu akikwambia "gari langu ni baya" hajakwambia kitu. Ni sawa na mgonjwa amwambiaye tabibu "naumwa" kisha akanyamaza. Tabibu sharti aulize: wapi, saa ngapi, baada ya kufanya nini?

Dawa nazo ni nyingi. Ya kwanza ni uzani wa mshazari. Chukua uzito ulio juu ya tairi la mbele kulia, ujumlishe na ulio juu ya tairi la nyuma kushoto, kisha utazame ni sehemu gani ya uzito wa gari zima. Ukiwa asilimia 50, mishazari miwili imelingana. Ukiuzidisha, gari hubana, ukiupunguza, hulegea. Watu wa pwani hawatapata taabu kulifahamu jambo hili. Nahodha ambaye chombo chake chalala upande mmoja huwaambia mabaharia waisogeze farumi, au wahame wenyewe wakakae upande wa upepo. Hakuongeza uzito wala hakuupunguza. Ameuhamisha tu, na chombo kikabadilika tabia. Katika mbio za kweli utamwona fundi amepitisha spana ndefu kwenye tundu la kioo cha nyuma, akazungusha nusu duru au duru moja, na gari likaondoka likiwa na tabia nyingine.

Ya pili ni springi. Springi ngumu mbele hulibana gari, na springi ngumu nyuma hulilegeza. Ya tatu ni kutofautisha ukubwa wa tairi za nyuma: la kulia huwa na mzingo mkubwa kidogo kuliko la kushoto, ili gari lenyewe lipende kwenda kushoto, kama kikombe kilicho kipana juu na chembamba chini kinavyoviringika kwa kupinda ukikilaza mezani. Ya nne ni mlalo wa magurudumu ya mbele. Katika gari la nyumbani magurudumu yote mawili husimama takriban wima. Katika gari la duara dufu yote mawili hulazwa upande wa kushoto, la kulia likiinamia ndani na la kushoto likiinamia nje, ili gari likiegemea katika kona tairi zipate kuikanyaga njia kwa upana wake wote. Na ya tano ni upepo. Tairi za kulia, ambazo hubeba mzigo mkubwa katika kona, mara nyingi hujazwa kwa pauni 10 na zaidi kuliko za kushoto.

Sasa, mtu atajuaje kama alichofanya ni sawa? Tairi lenyewe humjibu. Likirudi gereji hupimwa joto mahali patatu: ukingo wa ndani, katikati, na ukingo wa nje. Katikati pakiwa na joto kupita kingo zote mbili, upepo umezidi na tairi limefura tumbo. Kingo zikiwa na joto kupita katikati, upepo umepungua. Ukingo wa nje wa tairi la mbele kulia ukiwaka zaidi, tairi halijainamia ndani vya kutosha. Mchezo wa kompyuta huonyesha tarakimu hizo zote bila kuficha. Tairi halimwonei mtu haya wala halimsifu kwa sababu ni rafiki.

Na baada ya hayo kuna subira. Kanuni ya mafundi ni kubadili kitu kimoja tu kwa wakati mmoja, kisha kutoka na kuzunguka si mara moja bali mara kadha wa kadha, halafu kurudi na kuandika. Anayebadili springi, upepo na uzani kwa pamoja, gari likawa zuri, hajui lililolifanya kuwa zuri. Na likiwa baya hajui la kulaumu. Isitoshe, gari la mzunguko wa 3 si gari la mzunguko wa 40. Mafuta hupungua na nyuma ikawa nyepesi, tairi hupata joto, upepo wake ukapanda, mpira huchakaa. Wapo wanaoshangilia kwa kuwa wepesi katika mizunguko ya kwanza, na ifikapo ya thelathini wanapitwa na wale waliokwenda kwa hesabu. Mwenda pole hajikwai.

Mpaka hapa tumeutetea mchezo. Kijana ambaye ameshika kalamu na daftari, akaandika "leo nimepunguza uzani wa mshazari, gari limekubali kuingia lakini linakimbia nyuma likitoka," kijana huyo hapotezi wakati. Anajifunza kutenganisha sababu na matokeo, jambo ambalo wengi wetu tumemaliza masomo bila kulijua. Sasa ndio zamu ya kuuteta.

Jambo lililozuka ni hili. Matayarisho ya gari huhifadhiwa katika faili ndogo, na faili hupelekwa kwa mtu mwingine kama barua. Zamani mabingwa walipeana hizo faili kwa hisani, pamoja na maelezo ya kwa nini walifanya hivi na vile. Leo pametokea maduka. Mtu hulipa fedha kila mwezi, na kila wiki huletewa gari lililokwisha kupangwa kwa kiwanja cha wiki ile. Hulitia ndani ya kompyuta yake, akaenda zake mbio. Hakufungua ukurasa wa gereji, hakutazama joto la tairi, hakuandika neno. Akishinda hujigamba, na akishindwa hutafuta duka jingine.

Sisi twasema kwamba hili ni kosa, na si kosa la kisheria, maana haliko kinyume cha kanuni ya mchezo. Ni kosa la mtu kujidhulumu mwenyewe.

Twajua majibu yatakayoletwa, na yafaa tuyasikilize kwa haki. Wa kwanza atasema, "Mimi ni mtu wa kazi. Nina saa moja usiku baada ya watoto kulala. Je, niitumie yote gerejini?" Neno hili lina uzito. Lakini mchezo wenyewe umekwisha kumfikiria mtu huyu. Katika iRacing kuna mashindano ambayo matayarisho ya gari ni mamoja kwa wote, na hakuna aruhusiwaye kuyageuza. Hapo wote ni sawa na mshindi ni mkono. Asiye na wakati na aende huko kwa heshima yake. Lakini anayeingia katika mashindano ya wazi, ambayo maana yake ni kushindana kwa mkono pamoja na akili ya gereji, kisha akaleta akili aliyoinunua, huyo ameingia katika mashindano ya mashairi na shairi la kuandikiwa.

Wa pili atasema, na huyu ndiye mwerevu zaidi, "Hata madereva wa kweli hawashiki spana. Wanao mafundi wakuu na wahandisi. Mbona sisi tulaumiwe?" Ni kweli hawashiki spana. Lakini tazama kazi yao ilivyo. Dereva akiwa njiani huzungumza na fundi wake mkuu kwa redio. Humwambia gari limebana wapi na limelegea wapi, kwa kiasi gani, na limeanza lini. Fundi huamua kwa maneno hayo la kufanya wakati wa kusimama. Dereva asiyejua kueleza hana faida kwa fundi hata awe na mkono wa namna gani. Matayarisho ya gari lao ni matunda ya mazungumzo ya watu wawili wajuanao. Faili ya dukani haikukusikia hata siku moja. Imetengenezwa na mtu mwenye mkono wake, anayekanyaga breki kwa namna yake, na huenda anapenda gari lililolegea ambalo wewe litakutupa ukutani. Nguo ya kuazima, wasemavyo, haisitiri.

Mfano ni William Byron. Alianza kujifunza mbio katika iRacing, kwenye kompyuta ya nyumbani kwao North Carolina, kabla ya kukalia gari la mashindano la kweli. Mwaka 2024 alishinda Daytona 500, mbio kubwa kuliko zote za NASCAR, na mwaka 2025 akazishinda tena. Hatusemi kila aketiye mbele ya kioo atakuwa Byron. Twasema kwamba ujuzi wa mchezo huu waweza kuvuka kutoka kwenye picha ukaingia kwenye chuma. Na kinachovuka ni kile kilichomo ndani ya mtu: sikio, jicho, na ulimi wa kueleza. Faili haivuki. Tangu mwaka 2022 magari ya daraja la juu la NASCAR yamekuja na muundo mpya wa nyuma, na kile chuma kilichokingama kuizuia ekseli isiyumbe, ambacho mafundi walikipandisha na kukishusha miaka mingi, hakimo tena. Faili zote za gari la zamani hazina kazi kwa gari jipya. Lakini aliyejua kwa nini chuma kile kilipandishwa hakupotelewa na kitu. Maradhi ni yale yale mawili, ila dawa moja imeondoka dukani.

Sisi watu wa mashairi twalitumia neno mizani kwa hesabu ya silabi katika mshororo. Mwanafunzi aweza kupewa beti zilizotimia mizani akazisoma mbele ya watu wakapiga makofi. Lakini siku atakapotakiwa kutunga papo hapo, kumjibu aliyemtupia fumbo, atahesabu kwa vidole na vidole vitamkana. Aliyevunja mishororo mia na kuitengeneza tena mwenyewe huisikia silabi iliyozidi kabla hajaihesabu. Vivyo hivyo kwa mwenye gari: ile dakika gari linapoanza kulegea, mwenye kujua hutambua kwa makalio kabla ya macho.

Basi shauri letu kwa vijana ni jepesi. Anza na matayarisho yale ambayo mchezo wenyewe umekupa, hata yakiwa mabovu, maana ubovu wake ndio mwalimu wako. Chagua kiwanja kimoja ukae nacho mwezi mzima. Nunua daftari. Badili kitu kimoja, zunguka mara 20, soma joto la tairi, andika. Ukikwama, muulize aliyekutangulia, lakini muulize "kwa nini" kabla ya kumuuliza "ngapi". Na mabingwa wenye maduka nao tunawaomba jambo: kama ni kuuza, uzeni pamoja na faili maelezo ya kila mlichokifanya na sababu yake, ili mnunuzi wa leo asiwahitaji kesho. Biashara yenu huenda ikapungua kidogo, lakini viwanja vitajaa washindani wenye kujua wanachokifanya, na ushindi wenu wenyewe utapata thamani.